Kiherehere Kisiwafukuze Vijana Uwanjani

Vijana wa Kimisagara wanaocheza mpira wa kikapu wanakulia katika mji wenye sifa. Kigali ndiyo iliyoandaa msimu wa kwanza wa Ligi ya Kikapu ya Afrika mwaka 2021, na mwaka 2023 wanawake wa Rwanda walifika nusu fainali ya Kombe la Afrika mbele ya watazamaji wao. Sifa hiyo huwavuta wengi, lakini huwaongezea pia hofu.

Hofu hiyo haina aibu. Moyo hudunda na viganja hutoka jasho kwa kuwa mwili unajiandaa kwa kazi. Mchezaji apewapo mtupo huru husimama peke yake. Kikapu kiko mita 3.05 juu, na sheria humpa sekunde 5 tu. Hizo zatosha kudundisha mpira, kushusha pumzi polepole na kutupa. Hata hivyo, desturi hiyo haizuliwi siku ya mechi. Hujengwa mazoezini, miguu ikiwa imechoka na wenzake wakimpigia kelele kwa makusudi.

Linalotusikitisha ni tabia ya baadhi ya watu wazima, katika viwanja vingi, ya kumzomea mtoto aliyekosa. Mtoto azomewaye hujifunza kuukwepa mpira, na mwishowe huuacha mchezo. Twawasihi walimu na wazazi wamsahihishe kwa upole baada ya mechi. Naye mchezaji akumbuke kwamba kosa limekwisha pita. Auombe mpira unaofuata.