Mwigizaji wa Pembeni Naye Ni Mfanyakazi



Sinema ikiisha watu huinuka upesi, majina yangali yanapita. Sisi tungeomba mkae kidogo. Stelingi amekwisha tajwa mwanzoni. Majina ya mwisho ndiyo ya wenzetu.

Chukueni The Last King of Scotland, sinema ya Waingereza juu ya Idi Amin, iliyoongozwa na Kevin Macdonald na kutoka mwaka 2006. Ilipigwa Uganda kwenyewe. Forest Whitaker, Mmarekani, alipata Oscar mwaka 2007 kwa kumwigiza Amin, na aliistahili. Lakini mtu akifoka peke yake chumbani hatishi. Anayetisha ni yule aliyesimama kando yake akingoja amri, na huyo ni Masanga, aliyeigizwa na Mganda Abby Mukiibi. Naye Stephen Rwangyezi aliigiza Waziri Wasswa, anayepotea kwa sababu ya ulimi wa daktari mgeni. Ondoeni hao wawili, Amin anabaki mcheshi mwenye medali.

Mukiibi huyo huyo aliigiza Bagosora katika Sometimes in April ya mwaka 2005, sinema ya Raoul Peck iliyopigwa hapa Rwanda. Sisi wa Ndera, ambako Aprili 1994 waliokimbilia hospitali ya wagonjwa wa akili waliuawa, tunajua uso ule una uzito gani. Kuna watu humchukia mwigizaji kwa ajili ya sura aliyopewa. Hilo si haki. Alifanya kazi ambayo bila yeye ukweli usingeonekana.

Na baada ya sinema wanakula nini? Mukiibi ana redio ya CBS mjini Kampala na michezo ya jukwaani. Rwangyezi ana kikundi cha ngoma cha Ndere alichokianzisha mwaka 1984 (Ndere ya kwao ni filimbi, si Ndera yetu). Sinema huja kama msimu wa kuchuma, kisha huondoka. Hata mtu wa kipaji chao hawezi kuitegemea.

Waingereza waliliona hilo zamani. Waigizaji wao waliunda chama chao, Equity, mwaka 1930, na mkubwa na mdogo wakaingia pamoja. Leo chama hicho hupatana na waajiri kima cha chini cha malipo, na pia fedha za ziada sinema inapouzwa tena. Si hisani ya matajiri, ni nguvu ya wengi.

Hapa Kigali tuliona Shooting Dogs, nayo ya Waingereza, ya mwaka 2005, iliyopigwa katika shule ya ETO Kicukiro, mahali penyewe yalipotokea mauaji. Walionusurika walifanya kazi humo. Waliokaa hadi mwisho waliona picha zao zikipita pamoja na majina ya jamaa waliowapoteza. Waandaaji waliwaheshimu kwa hilo. Lakini heshima ya kwenye kioo haina saa za kazi, haina nauli ya usiku, wala haimtafutii mganga mtu aliyetoneshwa kidonda.

Sheria ya kazi ya mwaka 2018 inaruhusu mkataba wa mdomo, ila usizidi siku 90 mfululizo. Sinema nyingi huwahitaji watu wa umati kwa siku chache tu. Kwa hiyo sheria haimlazimishi mwenye sinema kuandika chochote, kama isivyomlazimisha mwenye kiwanda pale Masoro anayemchukua kibarua wa wiki mbili, au mwenye shamba wakati wa mavuno. Pengo ni lile lile.

Basi watakapokuja tena na kamera zao, na watakuja, tunataka karatasi kabla ya siku ya kwanza: malipo, saa, chakula, usafiri, na mtu wa kuwatuliza watakaoigiza yaliyowapata. Atakayeitwa asikubali peke yake mlangoni. Aje kwanza chamani, tukasaini wote siku moja.