Kutangazwa si Kuheshimiwa: Michèle Girardon na Kamera Zinazokuja Mara

Mwanafunzi wangu mmoja, mzaliwa wa Mugumu, aliniuliza hivi karibuni kwa nini nilitumia saa nzima ya mhadhara kumjadili mwigizaji wa Kifaransa ambaye hata Wafaransa wengi wamekwisha kumsahau. Swali lilikuwa la haki, nami nilimjibu kwa mkato kwa kuwa muda ulikuwa umekwisha. Leo namjibu kwa kirefu. Jibu hili nalielekeza pia kwa ndugu zangu maafisa wa halmashauri za Tarime na Serengeti ambao, kila wanapoombwa msaada na watu wa filamu, huwa na neno moja tu: "Watatutangaza."

Michèle Girardon alizaliwa Lyon mwaka 1938. Alikuwa bado hajatimiza miaka ishirini alipopewa nafasi na Luis Buñuel katika filamu ya La Mort en ce jardin, iliyotoka mwaka 1956, akiigiza pamoja na watu wazito kama Simone Signoret na Michel Piccoli. Alipewa nafasi ya binti bubu na kiziwi. Miaka michache baadaye Éric Rohmer alimtumia mara mbili, na mojawapo ya kazi hizo ni La Boulangère de Monceau, filamu fupi ambamo kijana wa Paris anamtamani Sylvie, yaani Girardon, kisha anampoteza machoni, na wakati akimsubiri anachezea moyo wa binti muuza mikate. Sylvie haonekani sana. Yeye ni tuzo anayongojewa mwishoni.

Kati ya kazi hizo mbili ndipo ilipokuja safari ya Tanganyika. Howard Hawks, mwongozaji wa Kimarekani, alihamishia kikosi chake Momella, chini ya Mlima Meru, akiwa na John Wayne, kutengeneza filamu kuhusu wakamataji wa wanyama kwa ajili ya bustani za Ulaya na Marekani. Filamu ilitoka mwaka 1962 kwa jina la Kiswahili, Hatari!, na neno letu likazunguka dunia nzima bila sisi. Girardon aliigiza Brandy de la Court, binti wa mlowezi marehemu aliyerithi shamba. Kiingereza alijifunza hapo hapo kazini. Namheshimu kwa hilo. Ajifunzaye lugha ngeni huku kamera inamtazama si mtu wa mchezo.

Lakini tazameni kalenda. Mwezi Machi 1961 mkutano wa katiba ulifanyika Dar es Salaam kupanga uhuru wa nchi hii, na tarehe 9 Desemba mwaka huo huo bendera ikapandishwa. Ndani ya Hatari!, iliyopigwa katika miezi hiyo hiyo, hakuna hata kivuli cha jambo hilo. Ardhi ni ya binti wa Kifaransa, na swali pekee linalohusu hatima yake ni mwanamume yupi kati ya waajiriwa wake atakayempata. Waafrika wanashika kamba, wanapika, wanabeba. Wanapopewa nafasi kubwa zaidi, ni ili kumpaka rangi mwigizaji wa Kitaliano, Elsa Martinelli, na kumpa jina la Mama Tembo. 

Huku kwetu upande wa magharibi mambo yalikwisha kutangulia. Mwaka 1959 Bernhard Grzimek alitoa filamu yake ya kuililia Serengeti isife, nayo ikapata tuzo ya Oscar. Sina ugomvi na upendo wake kwa nyumbu, na nakumbuka kwamba mwanawe, Michael, alifia katika kazi hiyo ndege ilipoanguka. Nina ugomvi na nafasi waliyopewa watu. Waikoma, Wanata, Waishenyi na Wangoreme walikuwa wakiwinda na kuchunga katika nchi hiyo kabla hifadhi haijatangazwa mwaka 1951. Kwa mtazamaji wa Frankfurt, watu wa namna hiyo waliingia katika picha kama majangili wenye mitego. Leo mwananchi wa Tarime anapobishania kigingi cha mpaka wa hifadhi, anabishana pia na picha aliyopigwa babu yake bila kuulizwa.

Turudi kwa Girardon. Baada ya Hatari!, Wayne aliendelea kuwa Wayne. Henry Mancini alivuna sifa kwa muziki wa watoto wa tembo. Hardy Krüger, Mjerumani aliyeigiza mmoja wa wanaume wanaomgombania Brandy, alinunua shamba Momella na kuishi huko kwa miaka. Yule aliyeigiza mmiliki hakubaki na kitu. Nafasi kubwa hazikuja tena. Tarehe 25 Machi 1975 alifariki huko Lyon kwa vidonge vya usingizi, akiwa na miaka 36. Sisemi kwamba filamu ilimuua. Huo ungekuwa uongo, na maumivu ya marehemu si mali yangu. Nasema kwamba sura yake iliendelea kuuzwa naye hayupo, na aliyeiuza hakuwa yeye.

Najua nitakavyojibiwa. "Daktari, huyo alikuwa Mzungu, alikuwa na mkataba, jina lake liliandikwa kwenye filamu. Unamlinganishaje na mama wa Nyamongo?" Hapo hapo ndipo hoja yangu ilipo. Kama mwenye mkataba aliachwa hivyo, mama wa Nyamongo aliyelipwa kwa tabasamu atakuwa na hali gani?

Nina mfano wa nyumbani. Mama yangu mzazi, sasa marehemu, alipigwa picha akisaga ulezi na kikundi cha wageni waliokaa kijijini kwetu siku mbili. Walimwachia sukari kilo mbili na mche wa sabuni. Alifurahi, na kwa muda mrefu aliwasimulia majirani. Miaka kadhaa baadaye nikamkuta mama katika kalenda ya kampuni ya utalii, chini yake pameandikwa "Mwanamke wa Serengeti". Mama alikuwa Mkurya wa Tarime. Niliandika barua kuomba jina lake liwekwe. Sikujibiwa.

Sasa kamera zinakuja kwa sababu nyingine, na hapa lazima niseme kwa uangalifu. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2015–16 ulionyesha kwamba asilimia 32 ya wanawake wa Mara wenye umri wa miaka 15 hadi 49 walikuwa wamekeketwa, ilhali kumkeketa mtoto ni kosa la jinai tangu mwaka 1998. Filamu ya In the Name of Your Daughter ya mwaka 2018 iliwaonyesha wasichana wanaokimbilia nyumba salama ya Mugumu, pamoja na kazi ya Rhobi Samwelly ya kuwapokea. Hiyo ni kazi ya maana. Imewafikisha watu mahali ambapo hotuba zangu hazifiki. Anayetumia hoja yangu kutetea wembe hanielewi, na sitaki aninukuu.

Hata hivyo, kila Desemba ya msimu wa ukeketaji vikundi vingine huja, vingi vidogo, vikiwa na simu na hamu. Msichana wa miaka kumi na miwili aliyekimbia usiku anaambiwa asimulie mbele ya taa. Atakapokuwa na miaka thelathini, ni mwalimu au muuguzi, sura yake ya usiku ule itakuwa mikononi mwa nani?

Sheria tunazo. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inadai kibali. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inawatambua waigizaji. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inamgusa kila mwenye sura. Tunachokosa ni ofisa mwenye ujasiri wa kuuliza kabla hajapiga muhuri: mkataba uko wapi, na umeandikwa kwa lugha gani?

Wapo watakaosema hatuna watu wa kushika kamera wenyewe. Profesa Amandina Lihamba aliigiza katika Arusi ya Mariamu mwaka 1985 na Maangamizi mwaka 2001 huku akifundisha sanaa za maonyesho katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Aliigiza, na alifundisha wengine. Binti wa Tarime anayetaka kazi hiyo apelekwe kwenye darasa la namna hiyo kabla ya kupelekwa kwenye taa ya mgeni.

Kwa hiyo, ndugu wa halmashauri, wakija mwaka huu wakiahidi kututangaza, waombeni mambo matatu kwa maandishi: majina ya kila atakayeonekana, nakala ya kazi kwa kijiji, na haki ya msichana kuondoa sura yake akishakuwa mtu mzima. Wakikataa, barabara ya kurudi Musoma wanaijua.