Mkutubi naye alindwe kwa sheria

Ninaishi Beltsville, Maryland, na siku nisizokuwa na zamu hupenda kushinda katika maktaba ya Sellman Road. Lakini kwetu ni Mombasa, na ombi langu ni kwa Bunge la Kaunti ya Mombasa.

Mwaka 2024 Gavana Wes Moore alitia saini sheria ya uhuru wa kusoma ya jimbo hili. Kitabu cha maktaba ya umma hakiondolewi kwa kuwa tu mtu hakupenda asili ya mwandishi au msimamo wake. Tena, mkutubi anayeisimamia sheria hiyo haadhibiwi. Hilo la pili ndilo lililonigusa. Vitabu vingi havihitaji tangazo la marufuku ili vipotee. Mkubwa hupiga simu, mkutubi akafikiria karo ya wanawe, basi.

Ni jimbo hilihili alikozaliwa utumwani mwandishi Frederick Douglass. Kule Baltimore, Sophia Auld alianza kumfundisha herufi, mumewe akamkataza. Douglass akaendelea kujifunza kwa watoto wa mitaani. Alitoroka mwaka 1838, na mwaka 1845 akachapisha habari za maisha yake.

Nasi tunaye wetu. Abdilatif Abdalla wa Mombasa alifungwa miaka mitatu, 1969 hadi 1972, kwa ajili ya waraka wake "Kenya: Twendapi?" ulioihoji serikali ya Jomo Kenyatta. Gerezani alitunga mashairi akiyaandika kwenye karatasi za chooni. Yalichapishwa mwaka 1973 kwa jina la Sauti ya Dhiki, na mwaka uliofuata yakapata Tuzo ya Jomo Kenyatta. Wengi husimulia kisa hiki wakicheka. Mimi kinaniuma, kwa sababu mashairi yalipewa heshima, ilhali waraka wenyewe vijana wengi ninaozungumza nao wanaujua kwa jina tu.

Nitaulizwa: na watoto je? Mzazi amchagulie mwanawe vitabu, ni haki yake. Wa jirani hamhusu.

Katiba ya Kenya ya 2010 imezikabidhi kaunti maktaba, hivyo hatuna haja ya kuingoja Nairobi. Wawakilishi wa wadi watunge sheria fupi: anayetaka kitabu kiondolewe aandike jina lake na sababu zake, barua hiyo isomwe na yeyote, na mkutubi asipoteze kazi kwa kukataa. Kisha "Kenya: Twendapi?" iwekwe rafuni, mwanafunzi aichukue bila kumwomba mtu ruhusa.