Nusu ya filamu iliyomwandama Erice kwa miaka 40

KATIKA kipindi cha miaka 50, mwelekezi na mwandishi wa filamu kutoka Uhispania, Víctor Erice, ametoa filamu ndefu nne pekee. Wapo wanaodai kuwa uchache huo ni hiari ya msanii asiyeridhika upesi. Dai hilo lina chembe ya ukweli, ila linawasahau wenye mifuko.

Erice, aliyezaliwa mwaka 1940, alianza kwa kishindo. Filamu yake ya kwanza, El espíritu de la colmena, ilitwaa tuzo kuu ya tamasha la San Sebastián mwaka 1973, Jenerali Franco angali madarakani. Ni kisa cha mtoto wa kike anayemhifadhi mtoro akimdhania kuwa lile zimwi la Frankenstein aliloliona sinemani. Hakuna anayetamka neno dhidi ya serikali, na wadhibiti wakaipitisha.

Ajabu ni kwamba pigo lilikuja baada ya udikteta kung'oka. Alipokuwa akitengeneza El sur, mtayarishaji Elías Querejeta alisimamisha kazi kwa sababu alizosema ni za kifedha. Sehemu yote ya kusini mwa nchi haikupigwa. Hivyo basi, filamu iitwayo “Kusini” humalizika msichana akijiandaa kwenda huko, na hafiki kamwe. Ilipoonyeshwa Cannes mwaka 1983 ilisifiwa mno, na pengine sifa hizo ndizo zilizomfungia mlango: nani angegharamia kukamilisha kazi ambayo wahakiki walishaiona kuwa kamili?

Baadaye, alipokuwa amekwisha kuandaa mswada wa riwaya ya Juan Marsé kuhusu Shanghai, kazi hiyo ilikabidhiwa Fernando Trueba, aliyetoa filamu yake mwaka 2002. Katikati ya misukosuko hiyo Erice alipata nafasi moja tu, El sol del membrillo ya mwaka 1992, inayomfuata mchoraji Antonio López akihangaika kuuchora mti wa matunda kabla matunda hayajaanguka.

Miaka 31 ilipita kabla ya Cerrar los ojos kutoka mwaka 2023. Mhusika wake mkuu ni mwelekezi mzee ambaye filamu yake ilikatika njiani baada ya mwigizaji kutoweka. Ana Torrent, yule mtoto wa mwaka 1973, amerejea humo akiwa mtu mzima, kama binti wa mwigizaji aliyetoweka.