Andreth asisahaulike

Ndugu mwandishi, umemsifu Finrod peke yake, ilhali uzito wa Athrabeth uko kwa Andreth. Katika mjadala huu wa Tolkien, uliochapishwa mwaka 1993 ndani ya Morgoth's Ring, Finrod, mfalme wa viumbe wasiozeeka, anajaribu kumfariji Andreth, mwanamke binadamu, kuhusu kifo. Andreth hakubali kirahisi: wahenga wa watu wake walifundisha kuwa binadamu hakuumbwa ili afe. Kisha, hoja zikiwa zimepamba moto, tunagundua kwamba alimpenda Aegnor, mdogo wake Finrod. Mama wa watu amezeeka, mwenzake bado kijana! Hapo hoja inageuka kilio. Wasomaji wenzangu, msiishie kwenye The Lord of the Rings. Tafuteni na mjadala huu.