Mimba Kutoka Si Mimba Kutolewa

Leo nataka tuzungumze juu ya neno. Najua wako watakaosema dunia ina mambo makubwa kuliko maneno, nami sikatai. Lakini neno hili liliingia katika nyumba ya jirani yangu likakaribia kuvunja ndoa ya watu, nami nilikuwapo.

Ilikuwa baada ya sala ya alasiri. Nimeketi barazani petu Kibokoni, akaja kijana mmoja wa mtaani, uso umemsawijika, mkononi ana kadi ya hospitali. Mkewe alikuwa amelazwa siku mbili, na mtaa mzima ulijua kwamba mimba yake ya kwanza imeharibika. Pole tulikuwa tumekwisha kumpa. Akanishika mkono akasema, "Maalim, hebu twende nyumbani. Mama ameisoma kadi, na maneno aliyoyasema siwezi kuyarudia hapa njiani."

Nilimkuta mavyaa wa yule binti ameketi juu ya mkeka, miwani puani. Mkaza mwana alikuwa chumbani, na kilio chake kikisikika. Kwenye kadi, kwa mwandiko wa haraka wa daktari, yalikuwa maneno mawili ya Kiingereza: "incomplete abortion". Mama yule amesoma shule, na neno la pili alilijua vizuri kutokana na magazeti na redio. Kwake lilikuwa na maana moja tu.

"Hospitali haisemi uongo," akaniambia. "Wameandika wenyewe. Sisi tumelia, kumbe yeye ndiye aliyemuua mjukuu wangu."

Nilimwambia, "Mama, kadi haisemi hivyo." Hakunisadiki. Nikaahidi kurudi na ushahidi, na usiku ule sikulala mapema.

Ukweli ni huu. Kwa muda mrefu madaktari wanaotumia Kiingereza wameliita kwa jina hilo tukio lolote la mimba kukatika kabla mtoto hajaweza kuishi nje ya tumbo la mama, ikiwa imetoka yenyewe au imetolewa na mtu. Na "incomplete" maana yake ni kwamba haikutoka yote. Mabaki yangalimo ndani, na yasipoondolewa mwanamke aweza kuvuja damu hata afe, au kuingiwa na sumu. Daktari aliandika hali ya tumbo la uzazi. Nani alifanya nini, hilo hakuliandika kabisa.

Asili ya neno lenyewe ni Kilatini. Iko "oriri", yaani kuchomoza kama jua linavyochomoza, na ndiko Wazungu walikopata "Orient", jina lao la Mashariki. Sisi nasi neno letu mashariki limetoka katika Kiarabu cha jua hilo hilo kuchomoza. Ukitia "ab" mbele yake inakuwa "aboriri": kutoweka, kushindwa kuchomoza. Katika asili hiyo hamna kisu wala dawa. Ni kitu kilichotarajiwa kuja kikakosa kuja. Nathubutu kusema ni neno la huruma, ila karne zimepita juu yake, na mahakama na siasa zimelipaka rangi nyingine.

Wala si mavyaa wa Kibokoni peke yake aliyelielewa vibaya. Mwaka 1985 madaktari wa London, Profesa Richard Beard na wenzake, waliandika katika jarida la The Lancet wakipendekeza kwamba mwanamke ambaye mimba imemtoka bila ya yeye kutaka aandikiwe "miscarriage", kwa sababu lile neno jingine humuumiza. Wengi wa Uingereza wakafuata. Kwingine mazoea ya zamani yamebaki katika vitabu vya udaktari na katika kadi, mpaka yakafika kwenye mkeka ule niliokaa mimi.

Sasa, nikiwa katika kamusi usiku ule, nilikutana na neno jingine ambalo sikuwahi kulisikia kwa mtu: "aborticide". Ni neno la nadra. Waingereza wengi wanaojua lugha yao hawatakwambia maana yake papo hapo. Kamusi za udaktari hulipa maana mbili. Ya kwanza ni kitendo cha kukiangamiza kijusi tumboni. Ya pili ni dawa au kitu chenyewe kinachofanya kazi hiyo. Maana hizo mbili zinatokana na kile kiungo cha mwishoni, "cide", ambacho chatoka katika Kilatini cha kukata na kuua. Katika "homicide" kiungo hicho ni mauaji ya mtu. Katika "insecticide" ni ile dawa ya kuulia wadudu. Kitendo na chombo vimevaa kanzu moja.

Lakini hebu tulipime neno hili kwa mizani ya lugha yao wenyewe. "Infanticide" ni kumuua mtoto mchanga: kinachotajwa mwanzoni ndicho kilichouawa. Basi katika "aborticide" kilichouawa ni kipi? Mwanzoni mwake mmetajwa ile mimba iliyokwisha kutoka, yaani kilichokwisha kufa. Ni sawa na mtu kuchukua kisu akaenda kuchinja nyamafu. Neno limejengwa upande, na huenda hiyo ndiyo sababu madaktari hawakulipenda. Wana maneno mengine ya dawa na ya kitendo, hayana haja ya kutaja mauaji.

Basi neno kama hili lina kazi gani? Nionavyo mimi, lina kazi pale ambapo msemaji amekwisha kata hukumu na anataka hukumu hiyo iingie katika jina. Ukisema "aborticide" hubakiwi na la kuuliza: muuaji yupo, aliyeuawa yupo, kesi imekwisha. Na ndugu yake, "feticide", yaani kuua kijusi, amekwenda mbali zaidi, maana yeye ameingia katika vitabu vya sheria vya baadhi ya majimbo ya Marekani. Huko Indiana mwaka 2015 mwanamke mmoja alihukumiwa miaka 20 gerezani kwa kosa hilo pamoja na la kumtelekeza mtoto. Mwaka 2016 mahakama ya rufaa ya jimbo ikalifuta lile kosa la kuua kijusi, ikieleza kwamba sheria hiyo haikutungwa ili kumshitaki mwanamke kwa kutoa mimba yake mwenyewe. Mwaka mzima na zaidi mtu yumo gerezani, wakubwa wakijadiliana neno limlenge nani! Na tangu Juni 2022, Mahakama Kuu Kabisa ya Marekani ilipotengua hukumu yake ya mwaka 1973 na kuyaachia majimbo yaamue, vita vya maneno vimezidi huko.

Tusidhani hayo ni ya Marekani tu. Kanuni ya Adhabu ya Kenya, sura ya 63, tumeirithi kwa Waingereza, na vifungu vyake juu ya jambo hili vinafuata sheria yao ya mwaka 1861. Kifungu cha 158 kinampa miaka 14 anayemfanyia mwanamke jambo hilo kinyume cha sheria. Cha 159 kinampa mwanamke mwenyewe miaka 7. Cha 160 kinampa miaka 3 anayetoa dawa au vifaa huku akijua ni vya kazi hiyo. Lakini tazama mzaha wa lugha: katika kichwa cha kifungu cha 158 wameandika "abortion", na ndani yake kosa linaelezwa kwa neno "miscarriage". Yaani wakili anatumia kwa dhambi neno ambalo daktari wa London amelitenga kwa msiba, na daktari wa zamani anatumia kwa msiba neno ambalo raia analisikia kama dhambi! Mama wa Kibokoni angefanyaje asipotee?

Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 26, imesema utoaji mimba hauruhusiwi, isipokuwa pale ambapo kwa maoni ya mtaalamu wa afya aliyefunzwa kuna haja ya matibabu ya dharura, au maisha au afya ya mama imo hatarini, au sheria nyingine iliyoandikwa imeruhusu. Kwa maneno hayo ndipo ilipokuja kesi ya hapa kwetu Pwani. Mwaka 2019, katika kaunti ya Kilifi, binti wa shule alikwenda zahanati akiwa na maumivu na damu. Mhudumu akamkagua, akaona mimba imekwisha haribika, akamtibu. Polisi wakaingia, wakawachukua wote wawili, na wote wakashitakiwa. Machi 2022 Mahakama Kuu ya Malindi iliyafuta mashitaka hayo, na ikasema kuwakamata wagonjwa na wahudumu ovyo ni kinyume cha sheria. Hukumu hiyo ilikatiwa rufaa, hasa kwa yale iliyoyasema juu ya haki ya kutoa mimba, na mimi si kadhi wala wakili wa kuliamua hilo. Nalitaja kwa ajili ya swali lililokuwamo ndani yake: je, ilitoka au ilitolewa? Binti alikuwa kitandani akivuja damu huku swali hilo likijibiwa na watu wa bunduki.

Tuje kwetu katika dini. Mafakihi hawakuanza na jina, walianza na kuuliza. Mtoto aliye tumboni wakamwita "janini", neno la mzizi mmoja na pepo ambayo macho hayajaiona na majini tusioweza kuwaona. Maana yake ni aliyesitirika. Katika hadithi waliyoipokea Bukhari na Muslim, wanawake wawili wa kabila la Hudhayl waligombana, mmoja akamtupia mwenzake jiwe, janini akafa. Mtume (S.A.W.) akahukumu itolewe ghurra, na mafakihi wakaikadiria kuwa ngamia watano, sehemu moja ya ishirini ya dia kamili. Mwenye kutozwa alikuwa upande wa mrusha jiwe. Aliyepigwa hakuulizwa kwa nini tumbo lake halikushika.

Halafu wakauliza umri. Hadithi ya Ibn Mas'ud inataja siku 40 mara tatu, ndipo hupulizwa roho. Baada ya siku hizo 120 wamekubaliana kwamba kutoa ni haramu, ila wengi wameacha mlango wa kuokoa maisha ya mama. Kabla yake wamehitilafiana, wengine wakikaza na wengine wakilegeza. Imamu Ghazali, naye ni wa madhehebu yetu ya Shafi, alisema kosa hilo lina daraja, na kila mimba inavyokua ndivyo uzito wake unavyozidi. Naona huo ni utaratibu wa watu waliokuwa na hofu ya kumdhulumu mtu.

Na mimba ikitoka yenyewe? Hapo kuna hukumu za nifasi, za eda, za kumwosha na kumkafini aliyefikia miezi minne, na za kumzika. Iko na hadithi katika mkusanyo wa Ibn Majah, ingawa wanazuoni wameisemea sanadi yake, kwamba mtoto aliyeporomoka atamvuta mama yake kwa kitovu chake mpaka Peponi, iwapo mama alisubiri. Linganisheni sura hiyo na lile neno la nyamafu.

Kiswahili chetu nacho si maskini hapa. Mimba yatoka, au yatolewa. Yaharibika, au yaharibiwa. Yaporomoka, au yaporomoshwa. Herufi chache tu mwishoni mwa kitenzi, na msikilizaji ajua kama kulikuwa na mkono. Magazeti yetu ya Kenya hupenda kusema kuavya, nalo ni la makusudi. Lisitumiwe kwa aliyepatwa na msiba. Sitajisifu kupita kiasi, kwani hata sisi husema "fulani ameharibu mimba" hali bibi wa watu aliteleza kisimani, na mwenye nia mbaya huweza kulishika neno hilo akaondoka nalo. Lakini angalau tunayo njia ya kusema sawasawa tukitaka. Kinachonishangaza ni kwamba wauguzi wetu, ambao nyumbani husema "imetoka", wakishika kalamu huandika la Kiingereza na kumpa mgonjwa akasome na wakwe zake.

Kesho yake nilirudi kama nilivyoahidi, na kamusi kwapani. Nilikuwa nimempitia muuguzi mmoja mstaafu wa mtaani, mwanamke anayeheshimiwa, akakubali kufuatana nami, maana mambo ya wanawake si ya mwanamume kuyaeleza peke yake. Yeye aliongea kuliko mimi. Aliisoma kadi yote, akamwonyesha mama pale palipoandikwa mapigo ya damu, na wiki, na kwamba binti aliletwa akiwa tayari anavuja. Kamusi yangu haikufunguliwa.

Mavyaa alinyamaza kwa muda. Kisha akauliza, "Hizo wiki ni miezi mingapi?"

Muuguzi akahesabu kwa vidole. "Minne na kitu, bibi."

"Basi walimweka wapi?"

Tukatazamana. Kijana akasema hakuuliza. Pale hospitali alipewa karatasi atie sahihi, akatia. Mama akavua miwani, akainuka, akaingia chumbani kwa mkaza mwana na kufunga mlango. Sisi tulibaki ukumbini, na yule kijana akaanza kutafuta viatu vyake ili arudi hospitali kabla magharibi haijaingia.