Kosa Moja Haliachi Mke

Wazee wetu walisema kosa moja haliachi mke, na walipolisema neno hili hawakuwa na kriketi akilini mwao. Lakini mimi kila nilisikiapo humkumbuka mtu mmoja wa Bombay, Sandeep Patil, aliyeachwa kwa kosa moja, tena kosa lenyewe ni pigo moja la mpira, na kwenye mechi kubwa hakurudishwa tena. Najua wapo wasomaji watakaouliza: mchezo wa Wahindi na Waingereza, sisi unatuhusu nini? Nawaomba subira kidogo.

Kilichonitia kalamu mkononi ni maneno ya rafiki yangu mmoja, mwalimu mstaafu kama nilivyo mimi, ambaye tumekuwa tukikaa naye kibarazani baada ya Alasiri kwa miaka mingi. Siku hiyo alisema mambo mawili kwa mpigo mmoja. La kwanza, kwamba Patil alikuwa bwana wa kujipamba, mtu aliyepewa kipaji akakichezea. La pili, kwamba Kenya kufika nusu fainali ya Kombe la Dunia la kriketi mwaka 2003, Patil akiwa kocha, ilikuwa bahati tu, kama mtu aliyeokota noti njiani. Nilimjibu pale pale, lakini nilimjibu vibaya, maana nilikuwa na hasira. Hapa nataka nimjibu kwa utaratibu.

Kwanza, huyo aliyekichezea kipaji. Alizaliwa Bombay mwaka 1956, akakulia mtaa wa Shivaji Park, ambako watoto hushika gongo la kriketi kabla ya kalamu. Baba yake naye alikuwa mchezaji. Mwezi Januari 1981 alikuwa Sydney na timu ya India, akipambana na Waaustralia. Asiyeujua mchezo huu na ajue kwamba mpira wa kriketi ni mgumu kama jiwe, na warushaji wa kasi hupenda kuudundisha chini uinuke kumkabili mpigaji usoni. Patil alikuwa amekwisha kupata mikimbio 65, kichwa wazi, bila kofia ya kujikinga, pale mpira wa Len Pascoe ulipompata karibu na sikio. Alianguka, akatolewa uwanjani. Watu wengi waliopigwa hivyo hawakuwa wale wale tena. Mwili huja uwanjani lakini moyo hubaki hospitali. Yeye katika mechi iliyofuata, kule Adelaide, mwezi huo huo, alisimama mbele ya warushaji wale wale, safari hii kofia kichwani, akafunga mikimbio 174. Hebu rafiki yangu anieleze, huko ndiko kuchezea kipaji?

Mwaka uliofuata, mjini Manchester, alimpiga Bob Willis, nahodha wa Uingereza na mrushaji wao mkali, mipira sita ya mikimbio minne minne katika ova moja. Ova ile ilikuwa na mipira saba, kwa sababu mmoja ulirushwa kinyume cha sheria, na Patil hakuusamehe hata huo. Alimaliza na mikimbio 129 bila kutolewa. Mwaka 1983, katika nusu fainali ya Kombe la Dunia, hapo hapo Manchester na dhidi ya Waingereza hao hao, alipata 51 kwa mipira 32, naye akabaki uwanjani hadi ushindi. Siku tatu baadaye India iliwashinda West Indies pale Lord's, 183 kwa 140, na mchezo huu haukuwa tena mali ya waliouanzisha.

Sasa tuje kwenye lile kosa. Desemba 1984, Delhi, India na Uingereza tena. Ilikuwa mechi ya siku tano, zile wanazoziita Testi, na siku ya mwisho India ilichotakiwa ni kukaa tu. Kukaa, kupiga taratibu, saa zipite, mechi iishe sare. Patil alikuwa na mikimbio 41. Akaona mpira unaompendeza, akauinua juu, ukadakwa mbali. Kapil Dev akaingia, akapiga mmoja ukavuka mpaka bila kugusa chini, kisha akajaribu mwingine, naye akadakwa. India ikashindwa mechi ambayo haikuwa na sababu ya kushindwa. Wateuzi wakakasirika, na walikuwa na haki ya kukasirika. Wakawatoa wote wawili katika mechi iliyofuata, Calcutta.

Mpaka hapo sina ugomvi. Anayeichoma nyumba kwa uzembe haombi udhuru kwamba kiberiti kilikuwa kizuri. Ugomvi wangu unaanza na yaliyofuata. Kapil Dev alikosa mechi hiyo moja, akarudi. Alicheza Testi 131 maishani mwake, na hiyo ya Calcutta ndiyo pekee iliyompita tangu alipoanza mpaka alipostaafu. Patil hakurudi. Umri wake miaka 28. Alikuwa amecheza Testi 29, mikimbio 1,588, mia nne, na hesabu ikafungwa. Mechi za siku moja aliitwa kidogo kidogo hadi 1986, kisha basi.

Kosa lilikuwa la aina moja, siku moja, uwanja mmoja. Mmoja alipewa kofi, mwingine akapewa talaka.

Rafiki yangu atasema, na alisema, kwamba kijana aliyeingia Calcutta alikuwa Mohammad Azharuddin, ambaye alifunga mia katika kila moja ya Testi zake tatu za kwanza. Kweli tupu. Hakuna mteuzi mwenye akili ambaye angemtoa kijana yule. Na nakiri pia kwamba Patil hakuwa Gavaskar. Wastani wake haukufika 37, na zipo siku alizotoka kwa mapigo ya kipumbavu kuliko lile la Delhi. Lakini timu ina nafasi ya wapigaji sita, si mmoja. Kila mmoja katika nafasi hizo ana wakati wake wa kuporomoka na wakati wake wa kupanda. Aliyenyimwa wakati wa kupanda hatujui angefika wapi, na wale waliomnyima ndio leo wanatuambia kwamba hakuwa wa kufika mbali. Hii ni hoja ya mtu aliyekata mti halafu anaulalamikia kwa kutozaa.

Habari ya kujipamba sitaikawilisha. Ndiyo, alikuwa mzuri wa sura, na ndiyo, alicheza filamu, ikatoka 1985. Kuna wanasiasa wetu waliofanya mambo makubwa kuliko filamu na hakuna aliyewatoa kikosini. Watu husahau pia kwamba mtu huyo huyo aliacha starehe za Bombay akaenda kuwa nahodha wa Madhya Pradesh, jimbo ambalo halikuwa na sifa katika kriketi, na kwamba alihariri gazeti la michezo kwa Kimarathi, lugha ya mama yake. Mimi niliyewahi kuhariri gazeti la shule najua kwamba kazi hiyo haina pambo hata kidogo.

Sasa la Kenya, ambalo ndilo lililoniwasha hasa.

Hapa rafiki yangu ana robo ya haki, nami nampa. Mwaka 2003 New Zealand ilikataa kuja Nairobi kwa kuogopa usalama, miezi michache tu baada ya mabomu ya Kikambala, na Kenya ikapewa pointi za mechi ambayo haikuchezwa. Bila pointi zile tusingeingia hatua ya pili. Nimepiga hesabu mwenyewe, wala sitaki kumdanganya msomaji.

Lakini pointi za bure hazikumtoa Jayawardene wala hazikumtoa Aravinda de Silva. Siku tatu baada ya Wanyuzilandi kutokuja, Sri Lanka, waliokuwa mabingwa wa dunia mwaka 1996, walikuja. Katika uwanja wa Gymkhana Collins Obuya aliwatoa watano kwa mikimbio 24 tu, na wageni wakaanguka kwa mikimbio 53. Kisha ikapigwa Bangladesh, ambao miaka mitatu nyuma walikuwa wamepewa hadhi ya kucheza Testi tuliyonyimwa sisi. Ikapigwa Zimbabwe kule Bloemfontein. Na Machi 15, Durban, mbele ya Australia ambayo wakati ule haikuwa ikishindwa na mtu, alisimama Aasif Karim, mwana wa Mombasa, umri miaka 39, aliyekwisha kustaafu na kurudishwa. Alirusha ova nane na mipira miwili. Ova sita kati ya hizo Waaustralia hawakupata hata mkimbio mmoja. Jumla alitoa mikimbio saba, akachukua wiketi tatu, Ponting akiwemo. Tulishindwa mechi ile, ndiyo. Lakini nilikuwa mbele ya televisheni siku hiyo na sijapata kuona kimya cha namna ile kwa watangazaji wa Kizungu.

Mtu aliyestaafu akarudishwa. Natamani waliomfungia Patil mlango walikuwa wakitazama.

Nusu fainali tulikutana na India, nchi ya kocha mwenyewe. Ganguly akatupiga mia na kumi na moja, Tikolo akajitahidi na 56, tukashindwa kwa mikimbio 91. Patil akaondoka baada ya mashindano. Kisha likatokea lile ambalo rafiki yangu hapendi kulizungumza. Mataifa makubwa hayakuja kucheza nasi ila kwa nadra. Viongozi wetu wa mchezo wakagombana na wachezaji juu ya malipo. Mwaka 2004 Maurice Odumbe akafungiwa miaka mitano kwa habari ya fedha za wacheza kamari. Mwaka 2014 tukapoteza hata hadhi ya kuhesabiwa katika mechi za siku moja. Ireland na Afghanistan walipopewa Testi mwaka 2017, sisi tulikuwa tumekwisha sahaulika. Timu ile ilitupwa kama alivyotupwa kocha wake: ilipewa jukwaa mara moja, ikateleza, na wale waliokuwa na uwezo wa kuinyanyua, wa ng'ambo na wa hapa nyumbani, wakasema, "Si tuliwaambia ilikuwa bahati?" Ndiyo maana neno hilo bahati linaniuma. Halielezi yaliyopita, linawapa watu udhuru wa kutofanya kitu.

Karata ya mwisho ya rafiki yangu ilikuwa hii: kwamba kuanzia 2012 hadi 2016 Patil mwenyewe alikuwa mwenyekiti wa wateuzi wa India, na yeye pia alikata watu, hata akataka kumgusa Tendulkar. Ni kweli. Patil alieleza hadharani baadaye kwamba walikutana na Tendulkar Desemba 2012 wakamwuliza mipango yake, na kwamba kama asingetangaza mwenyewe kuacha mechi za siku moja, wangemwacha. Jambo hili lilinisumbua, sikatai. Lakini tazameni tofauti. Tendulkar alikuwa amepewa miaka ishirini na mitatu. Na kabla ya kisu kuguswa aliitwa, akaketishwa, akaulizwa. Sijui kama wapo waliokatwa wakati huo bila kuitwa, na kama wapo, basi nao nawahesabia haki ile ile ninayomdai Patil.

Niseme kwa nini mimi na rafiki yangu tulipandishiana sauti kwa ajili ya Mhindi ambaye hatukuwahi kumpa mkono. Zamani tulikuwa walimu wa shule moja, sote wawili tukiwa katika kamati ya nidhamu. Vijana wawili wa kidato cha tatu walitoka darasani siku moja kwa kiburi, wakamjibu mwalimu maneno ambayo hayaandikiki. Wote wakafukuzwa. Baada ya wiki mbili mmoja alirudishwa, kwa kuwa alikuwa golikipa na mashindano ya mkoa yalikuwa karibu. Wa pili aliletwa na mama yake mara tatu. Mara ya tatu kamati ilipiga kura. Mimi niliinua mkono kwamba asirudi. Rafiki yangu aliinua wake kabla yangu, na mpaka leo hulitaja jambo hilo kama ushahidi kwamba nidhamu ilikuwepo zamani.

Kijana yule sasa ni mtu mzima, anauza vitunguu sokoni Kongowea. Huniita Mwalimu, na huniongezea kitunguu kimoja juu ya kilo bila kuombwa. Nimejaribu mara mbili kukikataa. Hukitia kwenye kikapu akaendelea kuhudumia wengine.